Klafuti ya Masuku

Mwazye,
12 Novemba 2023

Mdogo wangu Coleta,

Hujambo? Shemeji Isdori hajambo, watoto nao? Sisi huku tupo, tunasukuma siku. Mvua za kwanza zimegusa, nimeshapanda mahindi upande wa chini, ulezi bado. Mama anakusalimu. Macho yake yamekwisha kabisa sasa. Mwezi wa tisa alikuwa bado anautambua mwanga wa dirishani, siku hizi ananiuliza kama kumekucha.

Utashangaa kupata barua zama hizi, na simu tunazo. Simu unaikata, Coleta. Mara tatu nimepiga na mara tatu umesema, "Dada nipo jikoni, nitakupigia." Nimengoja tangu Agosti. Barua huwezi kuikata, utaisoma hadi mwisho kama una adabu. Adriano wa bodaboda ataifikisha Sumbawanga ampe kondakta wa basi la Dar.

Jambo lenyewe ni moja. Mama anataka klafuti, ile keki laini ya matunda ya mapadri. Chakula amekiacha. Ugali anaugeuzia uso, uji anakunywa vijiko viwili kisha ananisukumia kikombe. Wiki iliyopita masuku ya porini yalipoanza kuuzwa barabarani nilimletea sahani moja. Akayapapasa, akayanusa, akasema, "Haya angekuwepo Padri Alfonsi tungemwokea klafuti." Tangu hapo ni klafuti asubuhi, klafuti jioni. Nikamwambia nitapika mimi. Akacheka. Mtu hajala siku nne, akapata nguvu za kucheka! Akasema, "Wewe mkono wako ni wa jembe. Mwite Coleta."

Ni kweli sijui. Mama kapika nyumba ya mapadri miaka ishirini na tisa, na mimi jikoni mle nilikuwa naishia mlangoni, na kuni zangu na trei la mayai. Wewe ndiye uliyeingizwa ndani ukafundishwa. Hata kuionja sijawahi, maana ilikuwa ya meza ya mapadri, na makombo alikuwa akikupa wewe ili ujue ilivyotakiwa kuwa. Basi niandikie vipimo na namna yake yote, usiruke kitu. Na kama unaweza kuja mwenyewe uipike, hiyo ndiyo bora. Hujakanyaga hapa miaka kumi na moja.

Lakini nitakuambia ukweli, kwa kuwa wewe ni ndugu yangu. Moyoni nataka kuipika mimi. Nataka mama ale kitu cha mkono wangu aseme, "Fortunata, hiki kizuri." Nina miaka hamsini na miwili na sijawahi kuyasikia hayo maneno.

Dada yako,
Fortunata


Dar es Salaam,
25 Novemba 2023

Dada yangu mpendwa,

Shikamoo dada. Mama naye mpe shikamoo yake. Barua nimeipata, kondakta alinipigia nikamtuma Isdori stendi. Sisi wazima, joto tu ndilo linatuonea. Isdori amepata kazi nyingine ya ulinzi, mtoto wa kwanza anangoja matokeo.

Usinikasirikie kwa habari ya simu. Hawa Wafaransa ninaowapikia wana wageni kila wiki, na mama bosi wangu akikuona na simu jikoni anakunja uso mpaka kesho yake.

Klafuti ni rahisi sana, dada, isikutishe. Chukua mayai manne, sukari nusu kikombe, chumvi kidogo ya ncha za vidole, unga wa ngano kikombe kimoja kasoro, maziwa vikombe viwili. Piga mayai na sukari, tia unga kidogo kidogo usipate madonge, halafu maziwa. Uwe mwepesi kuliko uji wa mgonjwa. Paka sufuria siagi, panga matunda, mimina, funika, palia mkaa chini na juu ya mfuniko. Juu uwe mwingi, chini kidogo. Dakika arobaini hivi. Ni hayo tu.

Kuja nitajaribu Krismasi. Mwambie mama nampenda.

Mdogo wako,
Coleta


Mwazye,
8 Desemba 2023

Mdogo wangu,

Natumaini mmeamka salama. Huku mvua imekolea na barabara ya kwetu imeharibika, Adriano anasema hii barua ataivusha matope begani. Mama yuko vilevile, ila amepungua. Nikimbeba kumpeleka nje simhisi uzito.

Nimepika Jumapili baada ya misa. Unga nilinunua Matai, mayai ya kuku wangu mwenyewe, maziwa nimeomba kwa wale Wasukuma wenye ng'ombe kule bondeni. Masuku nikayachagua moja moja, nikayamenya, nikakaa saa nzima natoa kokwa kwa vidole, kwa sababu nani anampa kokwa mzee mwenye meno matano? Wewe mwenyewe unajua nyama ya suku inavyoing'ang'ania kokwa yake. Nikabaki na rojo. Rojo likazama chini likashika sufuria likaungua, juu kukawa na mayai matupu.

Mama alitafuna tonge moja. Akatema mkononi. Akauliza, "Fortunata, hiki ni klafuti au mayai ya kukaanga?" Jenifer wa jirani alikuwepo, akacheka hadi akajishika mbavu, nami nikacheka ili aibu isionekane. Sufuria nimelikwangua siku mbili.

Nimekosea wapi? Niambie haraka, masuku hayangoji. Na hiyo Krismasi yako, je, nimwambie mama unakuja, au ninyamaze?

Dada yako,
Fortunata


Dar es Salaam,
19 Desemba 2023

Dada yangu,

Shikamoo. Poleni na mvua. Hapa kwetu homa imepita nyumba nzima, lakini tumeinuka.

Pole kwa sufuria. Nadhani ni moto. Punguza mkaa wa chini. Kingine sikioni.

Krismasi haitawezekana. Bosi ana wageni ishirini na wawili wa chakula cha mchana, na amesema akinikosa siku hiyo nisirudi. Naomba usinihukumu. Na kwa kuwa umeniandikia ukweli wako, ngoja na mimi niandike wangu.

Unasema niliingizwa ndani nikafundishwa. Nilikuwa na miaka minane, dada. Nilikuwa naamshwa kabla ya kengele ya kwanza kuwasha jiko la mapadri. Nina kovu la kuungua na trei kwenye mkono wa kushoto mpaka leo. Na nilipofika miaka kumi na mitano, akaja yule mgeni wa Padri Alfonsi kutoka Dar, akala klafuti niliyopika mimi, akasema anatafuta msichana wa jikoni. Mama hakuniuliza. Alinifungia nguo zangu kwenye kitenge kesho yake asubuhi. Aliniambia, "Umepata bahati." Nililia hadi Mbeya. Wewe ulibaki na mama, mimi nikapewa vipimo vya unga. Kwa hiyo mkisema "Mwite Coleta", mjue mnamwita nani.

Nisalimie wote. Heri ya Krismasi.

Mdogo wako,
Coleta


Mwazye,
29 Desemba 2023

Coleta,

Salamu. Wazima nyie? Sisi hatujambo, tuseme hivyo.

Nimeisoma barua yako mara nne. La kovu sikulijua, na la kufungiwa nguo nililiona kwa macho yangu lakini nilikuwa na miaka ishirini na mitatu nikaona wivu tu. Nilitamani iwe mimi. Pole, nasema kwa moyo.

Ila usiniambie nilibaki na mama. Nilibakizwa. Mchumba wangu Fabiani alingoja miaka miwili niruhusiwe kwenda naye Kasesya, mama akasema nani atalima. Fabiani akaoa. Nimelima. Nimemwogesha, nimemlisha, nimemfulia matandiko, na jina analoliita akiamka ni lako.

Siku ya Krismasi nilipika tena, mkaa wa chini kidogo kama ulivyosema. Haikuungua. Matunda yalizama vilevile, ladha hakuna. Mama akaisukuma sahani polepole, hata hakunitania. Akasema, "Coleta asingekosea hivi." Na siku hiyohiyo wewe ulikuwa unawakatia vipande watu ishirini na wawili usiowajua.

Umeacha kitu. Hukusahau, wewe klafuti unaipika umefumba macho. Umekificha, na mama hana siku nyingi. Kama una roho ya kibinadamu, niandikie.

Fortunata


Dar es Salaam,
6 Januari 2024

Dada yangu,

Shikamoo. Naomba uipokee hivyohivyo hata kama umekasirika. Heri ya mwaka mpya, na Mungu ampe mama nafuu.

Nilikuficha. Sitazunguka. Nilipokuwa naandika vipimo kile kipande kilifika mkononi nikakiruka, na nikajiambia dada atajua mwenyewe. Ni kwamba hicho ndicho kitu pekee mama alichonipa mimi na hakumpa mtu mwingine. Niliona nikikuandikia sitabaki na chochote kutoka kwake. Sijivunii.

Basi sikiliza. Kokwa hazitolewi. Padri Alfonsi alimfundisha mama kwamba kwao Ufaransa tunda linaokwa zima na mlaji anatema kokwa kwenye sahani, mama akafanya hivyohivyo kwa masuku. Ndani ya kokwa ndiko ile harufu inakotoka. Mama ana fizi, atafyonza, usimhurumie. Pili, usimimine uji wote kwa pamoja. Mimina kwanza wa kufunika tako la sufuria, funika, ungoje ushike. Halafu panga masuku juu yake, ndipo umalizie uliobaki. Hapo hayazami. Tatu, uji ulale saa moja kabla hujaupika.

Huo ndio mwisho wa ninachokijua. Sasa tuko sawa.

Nikipata ruhusa nitakuja Februari.

Mdogo wako,
Coleta


Mwazye,
23 Januari 2024

Coleta,

Nakusalimu, na nyumba yako pia. Msiba umepoa, wageni wengi wameondoka. Adriano alikupigia kwa niaba yangu ile Jumatano kwa sababu mimi sauti ilinikatika. Ulimwambia bosi hajakuruhusu. Tulimzika mama Ijumaa tarehe kumi na tisa, mvua ilitupisha. Mjomba Wilibrodi ndiye aliyeshika msalaba.

Nakuandikia jambo ambalo Adriano halijui.

Barua yako ilifika Ijumaa. Jumapili tarehe kumi na nne nikapika. Nilifanya kila kitu ulichosema, uji nikaulaza, nikamimina wa kwanza nikangoja, masuku nikayapanga na kokwa zake. Nilipofunua mfuniko ilikuwa imepanda pembeni na kuwa ya kahawia, na harufu ikatoka nje hadi Jenifer akaja kuuliza ni nini. Nikajua nimepata.

Nikampelekea mama kitandani. Akaweka kipande cha kwanza mdomoni. Akafyonza kokwa, akaitema, akatafuta kipande kingine mwenyewe kwa mkono. Alikula vipande vitatu. Mimi nimesimama pale nangoja jina langu.

Akasema, "Coleta. Umefika lini, mwanangu?"

Nikafungua mdomo niseme ni Fortunata. Kabla sijasema akaanza kulia, akasema, "Niliogopa nitakufa hujanisamehe. Nilikufungia nguo bila kukuuliza. Nilikuona ulivyolia. Nisamehe."

Ungefanya nini wewe? Sauti zetu unajua zinafanana. Nikashusha yangu kidogo, nikasema, "Nimekusamehe, mama." Akanyoosha mkono anishike. Nikaviringisha mkono wangu kwenye khanga, maana hivi vidole vyangu angevijua palepale. Akanichora msalaba kwenye paji la uso kwa kidole gumba, akaniombea kwa jina lako, watoto wako akawataja mmoja mmoja. Halafu akasema, "Hiki ni kizuri kuliko vyote. Mwambie dada yako aje aonje, ajifunze."

Nikatoka nje nikakaa nyuma ya jiko. Nilipoingia tena nikaingia kama Fortunata, nikamwambia Coleta amewahi gari la kurudi. Akasema, "Alikuja lakini." Siku tatu hizo alimwambia kila aliyekuja kumwona. Shangazi Getruda, Jenifer, mwalimu wa dini, wote. Walinigeukia mimi na mimi nikaitikia, ndiyo, alipita haraka. Jumatano alfajiri akafariki. Alikwenda kwa amani, hilo nalijua.

Nimemsamehe mama kwa niaba yako bila ruhusa yako. Kama nimekosea sema.

Dada yako,
Fortunata


Dar es Salaam,
3 Februari 2024

Dada yangu wa pekee,

Shikamoo dada, na pole tena na tena. Barua yako nimeilia. Nilimsomea Isdori, naye akatoka nje akavuta sigara mbili. Hukukosea. Sijui kama mimi mwenyewe ningeweza kuyasema hayo maneno nikiwa mbele yake. Pengine nisingeyasema. Asante.

Sasa nina neno gumu. Shangazi Getruda alinipigia siku ya tatu baada ya mazishi, kabla barua yako haijanifikia. Nilidhani atanigombeza. Badala yake akaniambia, "Ahsante mwanangu, ulikuja kumlisha mama yako chakula cha mwisho. Ila mbona hukungoja kuzika?" Dada, nilikuwa nimejiandaa kutukanwa. Nilipopewa ahsante nikaipokea. Nikamwambia nilikuja siku moja kwa ruhusa ya wizi, na ya pili nikanyimwa. Akasema, "Basi ulitimiza." Akawaambia ukoo mzima.

Nitakuja arobaini, Jumamosi tarehe ishirini na nne, nimeshakata tiketi. Unajua wanavyomfanya mtoto asiyemzika mama yake. Mjomba Wilibrodi angenisimamisha mbele za watu. Sasa hatafanya hivyo, kwa sababu ya neno la mama mwenyewe. Naomba tuliache lilivyo. Tayari wewe ulishaitikia mbele yao, nami nimeshamwambia Shangazi. Kuligeuza sasa ni kuwaaibisha wote, na marehemu pia.

Niambie umekubali ili nisafiri na moyo mweupe.

Mdogo wako akupendaye,
Coleta


Mwazye,
11 Februari 2024

Mdogo wangu Coleta,

Hujambo na wako? Mimi mzima. Nyumba ni kubwa ghafla. Nikipika ugali bado napika wa wawili.

Nimekubali. Usiniletee maneno ya kunipaka mafuta kwa mgongo wa chupa, wala usinishukuru. Nimekaa nikaligeuza kila upande, na nimeona nimefungwa. Nikisema ni mimi niliyepika, itabidi niseme pia ni mimi niliyejiita Coleta, nikamdanganya mama kipofu kitandani pake. Watauliza, basi ile amani aliyokwenda nayo ilikuwa ya uongo? Sitaki mtu amguse mama hapo. Kwa hiyo ulikuja. Ulipika. Wanawake wa jumuiya wanakusifu kisimani kila asubuhi, nami natega ndoo yangu naitikia.

Nilikuwa na haja moja tu tangu barua ya kwanza, unaikumbuka. Mama alikula cha mkono wangu na akasema ni kizuri kuliko vyote. Alisema. Nilikuwa nimesimama palepale. Ila neno hilo halikuwa langu, na sasa hakuna wa kulirudia, hata nipike miaka mia.

Nakuomba kitu kimoja, Coleta, na ni kidogo. Niandikie kwenye karatasi, kwa mkono wako, mstari mmoja: kwamba klafuti aliyokula mama tarehe kumi na nne Januari alipika Fortunata, na ilikuwa nzuri. Weka jina lako chini. Sitamwonyesha mtu, naapa kwa kaburi lake bichi. Nitaiweka ndani ya kitabu changu cha sala. Nataka tu kuiona imeandikwa mahali.

Safari njema. Nitakutandikia chumba cha mama.

Dada yako,
Fortunata


Dar es Salaam,
17 Februari 2024

Dada yangu mpendwa sana,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta na afya njema kama inavyotuacha sisi. Watoto wanakusalimu, wanasema mama mkubwa ana roho ya dhahabu. Mzigo huu nimeutua, nimelala usingizi wa kwanza tangu Januari.

Natoka hapa Alhamisi alfajiri, Ijumaa nitakuwa Sumbawanga. Mwambie Adriano anipokee stendi, nina mizigo. Shangazi Getruda ameniomba siku ya arobaini nipike klafuti ya kutosha wazee wote waonje kile alichokula mama mara ya mwisho. Nimemkubalia, ningekataaje? Nakuja na siagi nzuri na maziwa ya kopo. Masuku naomba unitafutie wewe kama bado yapo huko, hata kilo kumi, wewe unajua kuyachagua. Na ungenishikia moto pia, maana jiko la mkaa nimelisahau, siku hizi natumia la umeme.

Mjomba Wilibrodi amesema nitapewa nafasi ya kuzungumza kidogo baada ya misa. Sijui niseme nini. Kama kuna neno la mama siku ile umelisahau kuniandikia, niambie nikifika.

Kuhusu ile karatasi, dada, nimefikiri sana, na Isdori pia nimemwuliza. Tumeona si vizuri. Karatasi huanguka, mtu akaokota, akasoma. Siku ukifa wewe watafungua kitabu chako. Tutabaki tunaumbuka sote kwa kitu ambacho kimeshapita. Wewe unajua, mimi najua, na Mungu anajua. Naona inatosha.

Mdogo wako wa damu,
Coleta